Chakula cha Asubuhi Kando ya Ziwa, Tangu Zama za Wazee Wetu Hata Leo

Shukrani zote ni za Mwenyezi Mungu, anayewaruzuku waja wake asubuhi na jioni. Na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake na masahaba zake. Ama baada ya hayo: wazee wa jumuiya yetu waliponitaka niandike habari moja ya kale ili itiwe katika kitabu hiki cha ukumbusho, nilijua ya kuwa wenzangu wataandika habari za misikiti yetu, na za masheikh waliotutangulia, na za vyuo vya Kurani vya Buyenzi. Hizo ni habari kubwa, na wenye kuzijua kuliko mimi wapo. Mimi nimechagua habari ndogo, ambayo kila mmoja wetu huikuta mbele yake kila kunapokucha, nayo ni sahani ya asubuhi.

Msomaji asicheke. Ukitaka kujua mambo yaliyowapitia watu, waulize walikula nini walipoamka, nani alikipika, na kilitoka wapi. Tena ninayo sababu nyingine ya kuichagua habari hii, nayo ni kosa nililolitenda mimi mwenyewe nilipokuwa mwalimu kijana. Nitalieleza litakapofika mahali pake.

MAJINA YA MLO HUU

Kwanza tuyatazame majina, maana majina huhifadhi mambo ambayo watu wameyasahau. Watu wa Lamu na Mombasa walikiita chakula cha asubuhi kisebeho, na neno hilo ni jamaa ya asubuhi, yote mawili yametoka katika Kiarabu. Wengine walisema staftahi, nalo pia ni la Kiarabu, maana yake ni kufungua jambo au kulianza. Wengine wakasema kifungua kinywa, au chamshakinywa. Na chakula kilichopikwa jioni kikalala, kikaliwa asubuhi, wazee walikiita mwiku, na wengi wetu leo twakiita kiporo.

Sasa sisi wa hapa Bujumbura, tukisalimiana asubuhi, hatutumii hata moja katika majina hayo. Twasema, “Umekunywa chai?” Na anayeuliza hivyo hataki habari za kinywaji, ataka kujua kama umekula. Hata mtu aliyekula wali kwa maharage, asiguse kikombe, atajibu ya kuwa amekunywa chai. Basi kinywaji kimoja kimekuwa jina la mlo mzima. Nakuomba, msomaji, uliweke jambo hilo moyoni, kwa sababu ndilo litakaloturudisha katika maneno yangu ya mwisho.

ZAMA ZA KALE

Mwaka 1331 msafiri mashuhuri Ibn Battuta, mtu wa Tangier katika nchi ya Maghribi, alifika katika pwani yetu ya mashariki, akapita Mogadishu, Mombasa na Kilwa. Alipokuwa mgeni huko Mogadishu aliletewa wali uliopikwa kwa samli, na juu yake vitoweo vya kuku, nyama, samaki na mboga. Akaletewa na ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, na maziwa mgando, na achari za ndimu na pilipili, na tangawizi mbichi, na maembe. Asema ya kuwa chakula kililetwa mara tatu kwa siku, kwani ndiyo desturi ya watu wa huko. Watu wa Mombasa aliwakuta wakila ndizi na samaki. Katika habari zake zote za pwani hii hamna chai wala kahawa. Waislamu wale waliswali alfajiri, wakala, wakaenda kazini, na hakuna aliyejua kikombe cha chai ni kitu gani.

Huku kwetu bara, kando ya Ziwa Tanganyika na katika milima ya Burundi, vyakula vya kale vilikuwa mtama na ulezi, na kunde, na kwa wenye ng'ombe, maziwa. Uji wa ulezi na maziwa mgando ni vyakula vya asubuhi vya zamani sana katika nchi hii, wala si vya masikini peke yao. Navyo vilinywewa katika nyumba za watu wakubwa.

Pengine msomaji atasema, “Na muhogo je? Na viazi vitamu? Na maharage? Hivyo si vyakula vya babu zetu?” Ni vyakula vya babu zetu, hapana shaka, walakini babu za babu zetu hawakuvijua. Muhogo, viazi vitamu, mahindi na maharage asili yake ni bara la Amerika. Vilivuka bahari baada ya mwaka 1492, vikaletwa Afrika katika merikebu za Wareno na wengineo, kisha vikaingia bara kidogo kidogo, mkono kwa mkono, shamba kwa shamba. Leo Mrundi hawezi kuufikiri mlo wake pasipo maharage. Ndivyo chakula kilivyo: kwanza huitwa kigeni, kisha huzoewa, kisha watoto huambiwa ya kuwa kilikuwapo siku zote.

MISAFARA NA KAHAWA

Katika karne ya 19 wafanyabiashara wa pwani walipita njia ya Bagamoyo na Tabora hata wakafika Ujiji. Mwaka 1858, Waingereza wawili, Burton na Speke, walipofika Ujiji, waliwakuta watu wa pwani wamekwisha kutangulia. Ni katika njia hiyo Uislamu na lugha ya Kiswahili vilifika ziwani, na kutoka Ujiji vikapanda kaskazini kwa mitumbwi na majahazi hadi Nyanza-Lac, Rumonge na Usumbura, mji ambao tangu uhuru wa mwaka 1962 waitwa Bujumbura. Haifai kusahau ya kuwa njia hiyo hiyo ilipitisha pia pembe za ndovu na watumwa. Mwenye kuandika historia asichague mazuri akayaacha mabaya.

Wapagazi wa misafara waliondoka alfajiri ili wapate kutua kabla jua halijawa kali, na chakula chao kikubwa kilipikwa kambini baada ya mwendo. Wale wakubwa waliokaa Tabora walitaka kula kama walivyokula kwao. Walipanda ngano na vitunguu, na mpunga ukaenea. Mikate ya kwanza ya ngano katika sehemu hizi ilitoka katika mashamba ya namna hiyo. Nao walikunywa kahawa, kinywaji cha heshima ya mgeni.

Na kahawa yenyewe ina kisa chake, ambacho yafaa Waislamu wakijue. Mti wake ni wa Uhabeshi. Katika karne ya 15 masufi wa Yemeni walikunywa kahawa ili wasisinzie katika dhikri za usiku. Kilipofika Makka, kinywaji hicho kilizusha mabishano makubwa. Mwaka 1511 mkuu wa serikali ya Wamamluki aliyekuwa Makka, jina lake Khair Beg, aliwakusanya wanavyuoni, na kahawa ikakatazwa. Wakasema ni kitu kipya, na watu hukusanyika kwa ajili yake wakapoteza wakati. Haukupita muda mrefu amri ile ikalegezwa kutoka Kairo. Leo ukienda kwa sheikh yeyote wa Hijazi au wa pwani yetu, kitu cha kwanza atakachokupa ni kikombe cha kahawa, na hakuna akumbukaye ya kuwa kiliwahi kugombaniwa.

HABARI ZA SUKARI NA CHAI

Chai ni mgeni wa jana. Mti wake ni wa Uchina, na jina lake latoka huko, likapitia kwa Waajemi na Wahindi hata likatufikia sisi. Waingereza waliokuwa wakitawala Bara Hindi walianza mashamba makubwa ya chai huko Assam, na chai ya kwanza ya Assam iliuzwa mnadani London mwaka 1839. Jambo la ajabu ni hili: Wahindi wengi wenyewe hawakuwa wanywaji wa chai wakati ule. Iliuzwa nje. Ilikuwa katika miaka ya mwanzo ya karne ya 20 wenye mashamba walipofanya bidii kubwa kuwafundisha Wahindi kuinywa. Na mwaka 1903 serikali ikaweka kodi maalumu juu ya chai ili fedha zake zitumike kuitangaza. Mwaka huo huo wa 1903 chai ilipandwa Limuru katika nchi ya Kenya. Kwa hiyo yule Mhindi mwenye duka aliyewafundisha wazee wetu kutia iliki na tangawizi katika chai ya maziwa, yeye mwenyewe hakuwa mwanafunzi wa siku nyingi.

Sukari nayo ilitangulia chai katika pwani yetu. Bonde la Pangani lilikuwa na mashamba ya miwa katika karne ya 19, na miwa ile ilikatwa na kukamuliwa na mikono ya watumwa. Walakini sukari ile haikufika kwa mtu wa kawaida wa bara. Mtu wa Ujiji au Usumbura aliyetaka utamu alitafuta asali.

GARIMOSHI NA MELI

Ni nini basi kilichoifikisha chai na sukari katika kila nyumba? Hapakuwa na amri ya mtu. Ni njia ya reli. Wajerumani walianza kujenga reli ya kati kutoka Dar es Salaam mwaka 1905, na mwaka 1914 ikafika Kigoma. Mwaka 1915 wakashusha majini hapo Kigoma meli kubwa iliyoletwa vipande vipande kutoka Ujerumani, wakaiita Graf von Götzen. Vita ilipowageukia mwaka 1916 waliizamisha wenyewe. Waingereza wakaizamua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini kwa jina la Liemba, jina ambalo kila mtu wa ziwa hili alijua.

Wabelgiji waliichukua Burundi kutoka kwa Wajerumani mwaka huo wa 1916. Kwa mapatano ya mwaka 1921 na Waingereza walipewa sehemu zao wenyewe za kupakia na kupakua mizigo Kigoma na Dar es Salaam, na bidhaa zikapita hapo kuja Usumbura. Mzigo uliochukuliwa na wapagazi kwa miezi sasa ulifika kwa siku chache. Katika mizigo hiyo mlikuwa na magunia ya sukari, na makasha ya chai, na unga wa ngano, na mafuta ya taa, na mabirika ya bati. Maduka ya Wahindi na Waarabu yakavipima vitu hivyo kwa kipimo kidogo, hata mtu mwenye senti chache akaweza kununua sukari ya siku moja.

Jambo la pili lilikuwa saa. Mkulima wa zamani alitoka alfajiri kwenda shambani na tumbo tupu, au amekunywa uji kidogo, akala jua lilipopanda. Lakini karani, na fundi, na mpagazi wa bandarini, na mtoto wa shule, wote waliitwa kwa kengele. Hawawezi kurudi nyumbani saa nne kula. Yawapasa kula kabla ya kutoka, tena upesi. Viazi na muhogo wataka moto wa muda. Chai yataka maji yachemke tu. Mwenye jiko la mafuta ya taa aliweza kunywa na kuondoka kabla jirani yake mwenye kuni hajamaliza kupuliza moto. Ndivyo chai ilivyoshinda, si kwa kuwa ni tamu tu, lakini kwa kuwa ilipatana na kengele.

ALIYONISIMULIA BIBI YANGU

Marehemu bibi yangu, mzaa baba, Mwenyezi Mungu amrehemu, alizaliwa Ujiji siku za Wajerumani, akaletwa Usumbura kuolewa. Nilipokuwa mdogo nilimwuliza mambo mengi, naye alikuwa mwepesi wa kusimulia. Aliniambia ya kuwa nyumbani kwao asubuhi waliletewa sinia moja, na ndani yake mwiku: ugali wa muhogo uliokatwa vipande ukapashwa moto majivuni, na dagaa waliopikwa kwa mawese. Watoto wote walikaa kuzunguka sinia lile, na aliyechelewa alikuta limekwisha. Hakuna aliyekuwa na kikombe chake.

Chai, alisema, ilikuwa ya Ijumaa na ya sikukuu. Babu yangu alikuwa na kopo la sukari lenye kufuli, na ufunguo aliufunga katika kikoi chake. Siku ya Idi bibi alikaanga vitumbua na mandazi, akatia chai katika birika kubwa, na watoto walikunywa kwa zamu kwa kuwa vikombe havikutosha. Nilimwuliza kama hawakusikitika kukosa chai siku nyingine. Akanitazama kwa mshangao, akasema, “Mjukuu wangu, tungesikitikia nini? Tulikuwa tumeshiba.”

Neno hilo sikulielewa wakati ule.

SIKU ZETU SISI

Mimi nilikua katika miaka ya 1970, na kopo lile halikuwa na kufuli tena. Chai ilikuwa ya kila siku. Nchi yetu ilikuwa imeanza kupanda chai yake milimani. Leo majina ya Teza, Rwegura, Tora, Ijenda na Buhoro yajulikana na kila Mrundi. Kahawa nayo, ambayo katika miaka ya 1930 serikali ya Wabelgiji iliwalazimisha wakulima kuipanda, ilijaa vilimani, walakini mkulima aliivuna akaiuza, akarudi nyumbani kunywa chai. Sukari yetu wenyewe ilikuja baadaye, kiwanda cha Moso kilipoanzishwa katika miaka ya 1980.

Katika mitaa yetu ya Buyenzi asubuhi ilikuwa na harufu yake. Baada ya swala ya alfajiri ungesikia chapati zikipigwa, na mafuta ya mandazi yakilia katika karai. Wazee waliotoka msikitini walikaa barazani kwa kahawa chungu. Wengine walipenda supu na chapati. Mkate wa tanuri, alioleta Mzungu, uliliwa na wenye mishahara, nasi watoto tuliutamani, maana ulikuwa alama ya nyumba iliyojaliwa.

Wala nisiisemee chai na mandazi kwa ubaya. Nawajua wajane wa mtaa wetu walioamka usiku wa manane kukanda unga, wakauza mandazi na vitumbua mlangoni, na kwa karai lile wakawasomesha watoto wao, na wengine katika watoto hao leo ni waalimu na matabibu. Mapokeo mapya yaliwaletea wanawake wengi kazi, ingawa yaliwaondolea usingizi. Mwenye kula chapati asubuhi na akumbuke ya kuwa kuna mtu aliyeamka kabla yake.

KOSA LANGU

Sasa nifike katika jambo nililoahidi. Mwezi wa Julai mwaka 1996, baada ya serikali kupinduliwa, nchi jirani zilituwekea vikwazo vya biashara, navyo havikuondolewa mpaka Januari mwaka 1999. Vita ya wenyewe kwa wenyewe ilikuwapo, na juu yake vikwazo. Bei za vitu vya dukani zilipanda mpaka mtu akashindwa kuzitaja. Sukari ikawa kitu cha kupimwa kwa kijiko.

Wakati huo nilikuwa kijana nikifundisha watoto Kurani asubuhi, kabla hawajakwenda shule. Alikuwapo mtoto mmoja wa miaka tisa, jina lake silitaji, aliyekuwa hodari wa kuhifadhi. Akaanza kulegea. Nikimwita asome, sauti haitoki. Akiulizwa jana alifika wapi, hajui. Nikadhani ni uvivu. Siku moja nilimwadhibu kwa kumsimamisha kando ya ukuta mpaka wenzake watakapomaliza. Hakusimama muda mrefu. Alianguka.

Tulimpa maji, akafumbua macho. Nikamwuliza alikula nini. Akasema, “Sijakunywa chai, maalim.” Nikamwuliza na jana. “Jana pia.” Nikambeba mpaka kwao. Mama yake alitoka kwa hofu, nikamweleza. Akainamisha uso, akaniambia, “Maalim, sukari hakuna, ni juma la pili sasa. Hatunywi chai.” Nyuma yake nilikiona chungu, na ndani yake viazi vitamu vilivyopikwa jana jioni. Nikamwuliza, “Mama, na hivi je?” Akasema kwa sauti ndogo, “Maalim, mtoto aende chuoni amekula kiporo? Wenzake watasema nini?”

Sikuwa na la kumjibu. Niliomba kiazi kimoja, nikakaa hapo mkekani, nikala pamoja na mtoto yule. Alikula vitatu.

Nilirudi chuoni nimejaa haya, nikayakumbuka maneno ya bibi yangu. Babu zake mtoto yule walikula mwiku kila siku wakasoma wakahitimu. Mtoto huyu alikaa na njaa mbele ya chungu chenye chakula, kwa sababu chakula kile hakikuwa na jina la heshima. Mama hakuwa na kosa. Alilinda heshima ya nyumba yake kama alivyojua. Mwenye kosa nilikuwa mimi, niliyemwadhibu mtoto kabla ya kumwuliza kama amekula. Na kosa letu sote ni kufanya kitu kipya kuwa kipimo cha utu.

MAFUNZO YA HABARI HII

Watu hupenda kusema, “Mwacha mila ni mtumwa.” Neno zuri, lakini katika jambo hili yatupasa kuuliza, mila ni ipi? Chai haikuwa mila ya bibi yangu. Muhogo haukuwa mila ya bibi wa bibi yake. Kila kizazi kilipokea kitu na kukiacha kitu. Basi simwambii mtu aache chai, nami mwenyewe huinywa, tena yenye tangawizi. Nasema tu ya kuwa asifungwe nayo.

Hadithi aliyoipokea Bibi Aisha, na kuandikwa na Imamu Muslim, yasimulia ya kuwa Mtume, rehema na amani zimshukie, alikuwa akiingia kwa jamaa zake akiuliza kama wana chakula. Wakimwambia hakuna, hunuia kufunga siku ile. Hakuona haya, wala hakuwalaumu. Na Abu Huraira amepokea ya kuwa Mtume hakukitia kasoro chakula kamwe. Akikipenda hukila, asipokipenda hukiacha. Ikiwa yeye hakukidharau chakula, sisi ni nani hata tumfundishe mtoto kukidharau kiazi?

Tena kuna jambo la siha. Maradhi ya kisukari, ambayo wazee wetu hawakuyataja mara nyingi, siku hizi twayasikia katika jamaa zetu wenyewe. Matabibu hutuonya juu ya wingi wa sukari na unga mweupe na mafuta. Kikombe chenye vijiko vinne vya sukari, na mandazi matatu yaliyokaangwa, humpa mtu nguvu za upesi, zikapotea kabla ya adhuhuri. Uji wa ulezi, au maharage ya jana na muhogo, hukaa na mtu mpaka mchana. Waliokula mwiku hawakuwa wajinga.

Na hali bado haijabadilika sana. Katika miaka hii ya karibuni tumeona tena sukari ikiadimika madukani, na watu wakipanga safu kuitafuta. Kila inapokuwa hivyo, mimi huwatazama watoto wa chuoni nyuso zao, na wako wanaokuja na njaa. Tangu siku ile ya kosa langu, swali langu la kwanza asubuhi si “Umehifadhi?” Ni “Umekula?” Wala sisemi tena “Umekunywa chai?” kwa kuwa nimejua ya kuwa swali hilo humfungia mtoto mlango.

Kwa hiyo nawaomba wazee na vijana wa jumuiya, katika siku hii ya ukumbusho, jambo moja lisilo na gharama kubwa. Kila chuo cha mtaa wetu na kiwe na chungu kimoja cha uji asubuhi. Ulezi na mahindi vyapatikana hapa hapa, wala havingoji meli. Wenye uwezo watoe unga, akina mama wapike kwa zamu, na watoto wote wanywe kutoka chungu kimoja, mtoto wa tajiri na mtoto wa mjane, ili asijulikane aliyekuja na njaa. Kama sukari ipo na itiwe. Kama haipo, uji ni uji. Na mwalimu akae chini anywe pamoja nao.

Nyumbani nako, wazazi wenzangu, wekeni viazi vya jana mezani pasipo kuomba radhi. Waambieni watoto habari hizi mlizozisoma: kwamba nyanya zao walikuwa wakila hivi, wakaamka wakaswali, wakalima, wakasoma, wakatulea.

Mwenyezi Mungu atuzidishie riziki ya halali, na atupe macho ya kumwona mwenye njaa kabla hajaanguka. Amin.